Waliotega ndio wanaotegua

Tarehe 10 Desemba 1997, mjini Oslo, Tuzo ya Amani ya Nobel ilikwenda kwa Kampeni ya Kimataifa ya Kupiga Marufuku Mabomu ya Ardhini na kwa mratibu wake, Jody Williams. Aliyepokea kwa niaba ya kampeni alikuwa Tun Channareth, Mkambodia asiye na miguu yote miwili, mpiganaji wa zamani wa msituni. Ukiwauliza watu leo nani alipigania marufuku ile, wengi watakutajia Diana wa Uingereza akitembea Angola na fulana ya kinga mwezi Januari mwaka uleule. Hawakosei, maana safari ile ilisaidia sana. Lakini wakati anafika Angola, wanajeshi wa zamani walikuwa wameshaifanya kazi hii kwa miaka.

Mpiganaji wa zamani akigeuka mtetezi wa amani, tumezoea kumwomba asimulie majuto yake. Anapewa kipaza sauti dakika tano, ukumbi unatokwa machozi, kisha wataalamu wanaendelea na mada. Naona hapo tunampoteza mtu muhimu kuliko wote ukumbini. Anachokijua yeye na wengine hawakijui ni chombo chenyewe: kinavyofukiwa, kinavyosahaulika, na namna makamanda wanavyojidanganya kuhusu faida yake. Kampeni ya mabomu ya ardhini ilifanikiwa kwa sababu, kwa mara moja, ujuzi huo ulichukuliwa kama ujuzi.

Bobby Muller alikuwa luteni wa kikosi cha Marine cha Marekani. Mwaka 1969 risasi ilimkata uti wa mgongo Vietnam, naye akarudi nyumbani kwenye kiti cha magurudumu. Alianzisha chama cha maveterani wa vita hiyo, na mwaka 1981 akaongoza kundi la kwanza la maveterani wa Marekani kurudi Hanoi, wakati serikali hizo mbili zilikuwa hazisalimiani. Mwaka 1991 taasisi yake ilifungua karakana ya miguu ya bandia Kien Khleang, pembeni ya Phnom Penh. Haikuchukua muda wakaona hesabu haiendi: kwa kila mguu uliotoka karakanani, mashambani walikuwa wanakatika wengine. Mwaka huohuo Muller na Thomas Gebauer wa shirika la Medico la Ujerumani wakakubaliana kuanzisha kampeni, na taasisi ya Muller ikamwajiri Jody Williams kuiratibu. Oktoba 1992 mashirika sita yakaizindua rasmi.

Huko Cambodia, Tun Channareth, ambaye wenzake humwita Reth, alikuwa amekanyaga bomu mwaka 1982 karibu na mpaka wa Thailand. Baadaye alifika Banteay Prieb, kituo cha ufundi cha Wajesuiti nje ya Phnom Penh, akawa miongoni mwa watengenezaji wa viti vya magurudumu. Hapo ndipo wanajeshi wanne wa zamani, walemavu wa mabomu, waliandika barua ya wazi kuomba mabomu yasitengenezwe tena, yasitegwe tena, yaliyopo yaondolewe na waathirika wasaidiwe. Wanne hao walitoka katika majeshi manne yaliyokuwa yakiuana. Barua ya upande mmoja ingesomwa kama lawama kwa upande wa pili. Ya pande nne haikuwa na pa kukwepea, na yeyote anayetaka kuandaa sauti ya wapiganaji wa zamani popote pale angeanza na hilo: atafute saini ya adui kabla hajatafuta mfadhili.

Uzio wa Phuoc Tuy

Ili kuelewa kwa nini askari walikubali hoja hii, yaani kupiga marufuku mabomu haya, inafaa kuutazama kwa karibu uwanja mmoja wa mabomu.

Mwaka 1967 Brigedia Stuart Graham, aliyeongoza kikosi cha Australia mkoani Phuoc Tuy, Vietnam Kusini, aliamua kujenga kizuizi cha urefu wa kilomita kama 11 kutoka mji wa Dat Do hadi pwani. Shabaha ilikuwa kuwatenga wapiganaji wa msituni na vijiji walikopata mpunga na vijana. Zikajengwa nyua mbili za seng'enge, na katikati yake yakafukiwa mabomu zaidi ya 20,000 aina ya M16 ya Kimarekani. Hili ni bomu linaloruka. Ukilikanyaga au ukiugusa waya wake, linachomoka ardhini na kupasukia usawa wa kiuno. Mengi yaliwekewa chini yake kifaa cha kulilipua likiinuliwa.

Kwenye karatasi mpango ulikuwa mzuri. Kasoro yake ilikuwa ulinzi. Kila askari wa miguu hufundishwa kwamba uwanja wa mabomu lazima uwe chini ya macho na bunduki mchana na usiku, la sivyo haumzuii mtu, unamchelewesha tu. Waaustralia hawakuwa na watu wa kutosha kukaa kilomita 11, na kazi hiyo ikaachiwa vikosi vya wenyeji ambavyo havikuwa na idadi wala nguvu ya kuifanya. Wapiganaji wakaanza kuingia usiku. Waliokuwa wa kwanza wengine walikufa wakijifunza kifaa kile cha chini. Walipokielewa wakafundishana, na mabomu yakaanza kutoka kwa maelfu. Yakafukiwa upya kwenye njia walizopita Waaustralia wenyewe, ambao kwa miaka iliyofuata waliuawa na kukatwa miguu na silaha walizozileta wao kwa meli.

Hapo hakuna hoja ya huruma hata moja. Ni hoja ya kijeshi mwanzo hadi mwisho, na ndiyo inayomfanya waziri wa ulinzi akae sawa kwenye kiti. Kwa hiyo Aprili 1996, taasisi ya Muller ilipochapisha katika gazeti la New York Times barua ya wazi kwa Rais Clinton, waliotia saini walikuwa makamanda wastaafu 15, akiwamo Norman Schwarzkopf aliyeongoza vita vya Ghuba na John Galvin aliyeongoza majeshi ya NATO. Walisema marufuku ni ya kiutu na pia ni ya busara kijeshi. Mpaka siku hiyo, hoja kuu dhidi ya kampeni ilikuwa kwamba hawa watu wema hawajui vita.

Marekani haikutia saini hata hivyo. Pentagon, wizara yake ya ulinzi, ilisimama kwenye hoja ya Korea, kwamba mabomu yanahitajika kuilinda Korea Kusini, na Clinton hakuivuka. Lakini nchi 122 zilitia saini mkataba wa marufuku mjini Ottawa, Kanada, Desemba 1997, nao ukaanza kufanya kazi tarehe 1 Machi 1999. Mkutano wa kwanza wa nchi wanachama ulifanyika Maputo mwaka huohuo, na mkutano mkuu wa kwanza wa tathmini ukafanyika Nairobi mwishoni mwa 2004. Mwanachama anapewa miaka minne kuharibu akiba yake na miaka 10 kusafisha ardhi yake.

Mita moja ya njia

Kusafisha ardhi ndiko kunakoonyesha kwamba askari wa zamani ana cha kufundisha na pia ana cha kusahau.

Mteguaji wa mkono hufanya kazi kwenye njia ya upana wa kama mita moja, iliyowekewa vigingi na kamba. Anapiga goti au analala. Kwanza anapitisha fimbo nyembamba au waya mlaini mbele yake, kutoka chini kwenda juu polepole, kuona kama kuna waya wa mtego. Akijiridhisha, anakata majani kwa mkasi wa bustani kuanzia juu kushuka, na kila alichokata anakitupa nyuma, kamwe si pembeni. Kisha anapitisha kitambua chuma, kila mpito ukiingia kidogo ndani ya uliotangulia. Kitambua chuma chenyewe kilipimwa asubuhi kwa kipande cha majaribio, na hupimwa tena baada ya kubadilisha betri. Kikilia, anatia alama, anarudi nyuma kama sentimita 20, na kuanzia hapo anachimba kuelekea kwenye alama kwa ubavu, kijiti chake kikiwa kimelala kwa nyuzi zisizozidi 30. Anatafuta ubavu wa bomu, maana juu ndiko linakokanyagwa. Akiuona tu, anaacha na kumwita msimamizi. Bomu halinyanyuliwi. Hulipuliwa palepale kwa baruti inayowekwa kando yake.

Mwenzake wa karibu yuko mita 25 au zaidi, ili ajali iwe ya mtu mmoja. Wote wamevaa fulana ya kinga na kioo cha uso cha plastiki ngumu kisichopungua milimita 5. Kioo hicho kikishapata mikwaruzo watu hukipandisha juu ili waone vizuri, na macho mengi yamepotea hivyo. Dawa yake ni kubadilisha kioo mapema, kuliko kumgombeza mteguaji.

Kwa mwendo huo mtu mmoja husafisha mita za mraba 10 hadi 50 kwa siku. Kinachomchelewesha zaidi ni vyuma visivyo na hatia: misumari, vifuniko vya soda, vipande vya makombora ya zamani. Kila mlio unachimbwa kana kwamba ni bomu. Bomu dogo la M14 la Kimarekani, na nakala zake za Kivietnam zilizozagaa Cambodia, lina kipenyo cha milimita 56 na uzito wa kama gramu 100, karibu lote plastiki. Chuma chake ni kipini kidogo tu. Kwenye udongo mwekundu wenye chuma kingi, kifaa hulia kila mahali, na udongo wa aina hiyo upo Cambodia.

Sasa mlete mpiganaji wa zamani. Mtu kama Aki Ra, Mkambodia aliyetega mabomu tangu utotoni kwa ajili ya Khmer Rouge, wapiganaji wa kikomunisti wa Cambodia, kisha akapigana upande wa Vietnam, na baadaye akatumia miaka kuyatoa vijijini kwa mikono, kisu na fimbo. Aliyajua kama mvuvi ajuavyo samaki. Tatizo ni kwamba ujuzi wa vitani unalenga kitu kingine. Askari anafungua njia ya upana wa mabega ili kikosi kipite usiku huu, na akipoteza mtu mmoja njiani kazi imefanyika. Mteguaji wa kiraia anampa mama shamba lote, alime kwa jembe miaka 20, na mtoto wake acheze humo. Miaka ya 1990 Umoja wa Mataifa ulitaka asilimia 99.6 ya mabomu yaondolewe, na leo kinachotakiwa ni kila bomu hadi kina kilichokubaliwa. Mikono yenye uzoefu wa kunyanyua na kufungua ndiyo migumu zaidi kufundisha kuacha. Mamlaka zilimtaka Aki Ra awe na cheti. Alikwenda Uingereza mwaka 2005 akasomea, na mwaka 2008 akaunda kikosi rasmi, wengi wao wakiwa wapiganaji wa zamani na watu wa vijiji vilevile. Wapo waliomhurumia wakaona anasumbuliwa na makaratasi. Mimi naona utaratibu ule uliokoa maisha, pengine hata yake.

Morogoro imechangia hapa. Panya buku wanaofundishwa na shirika la APOPO kwenye Chuo Kikuu cha Sokoine wananusa baruti na kupuuza chuma, kwa hiyo misumari haiwasumbui, na uzito wao wa kilo moja na ushee haufyatui bomu. Mafunzo huchukua takribani miezi tisa. Magawa, aliyefundishwa Tanzania na kufanya kazi Cambodia, alipata medali ya dhahabu ya PDSA, shirika la Uingereza la kutibu wanyama, mwaka 2020. Aliweza kupita eneo la uwanja wa tenisi kwa nusu saa. Mtu mwenye kitambua chuma angehitaji hadi siku nne. Panya haondoi bomu, lakini. Anakwangua ardhi, na mteguaji anakuja kwa mwendo uleule wa kijiti.

Kiti cha mtu asiye na miguu

Kazi ya Reth karakanani nayo ina hesabu zake, na inasikitisha jinsi inavyopuuzwa kwenye hotuba. Mtu aliyekatwa miguu yote miwili juu ya magoti amepoteza uzito wa mbele. Mkalishe kwenye kiti cha kawaida cha hospitali, apande kilima kidogo, kiti kinapinduka kisogo-nyuma. Ekseli ya magurudumu makubwa lazima irudishwe nyuma kwa sentimita kadhaa. Kiti cha mashambani kilichotengenezwa Banteay Prieb kuanzia miaka ya 1990 kina magurudumu matatu: mawili makubwa nyuma na moja dogo lililotangulia mbali mbele, ili kisitumbukie kichwa-chini kwenye matuta ya mashamba ya mpunga. Sehemu kubwa ni mbao, na matairi ni ya aina inayopatikana kwa fundi baiskeli wa kijijini. Kiti cha msaada chenye beringi zisizouzwa nchini hukaa miezi michache kisha hugeuka kibanda cha kuku.

Mto wa kukalia si anasa. Mwenye jeraha la uti wa mgongo hasikii ngozi ikioza chini yake. Asipojinyanyua mara kwa mara, kidonda kinafika mfupani, na watu wengi wamekufa kwa kidonda hicho baada ya kunusurika na bomu.

Miguu ya bandia nayo hivyohivyo. Kien Khleang walitumia mguu wa Jaipur kutoka India, wa raba, wenye umbo la unyayo wa mtu. Unatembea peku kwenye tope na unakuwezesha kuchuchumaa, jambo ambalo mguu wa Ulaya uliotengenezewa kiatu hauliwezi. Fundi hufunga kigutu kwa plasta, anapata ganda, analijaza plasta tena kupata umbo kamili, kisha anachonga: anapunguza panapobeba uzito, anaongeza panapogusa mfupa mtupu. Ubora wote uko kwenye kuchonga huko. Mwezi wa kwanza hadi wa sita kigutu kinasinyaa, mguu unaanza kucheza, ngozi inachubuka, na mgonjwa anautundika ukutani. Asiporudi kurekebishiwa, mguu ule hauna faida. Mtoto anahitaji mpya kila miezi sita hivi kwa kuwa anakua, na mfupa wake huweza kurefuka na kutoboa kigutu, arudishwe kwa daktari wa upasuaji. Mtu mzima hukaa na wake miaka mitatu hadi mitano. Anayetaka kujua bomu moja la plastiki linagharimu nini aanze na mtoto wa miaka minane, ahesabu miguu hadi uzeeni.

Kumuuliza aliyefukia

Ramani za mabomu Cambodia zilikuwa chache, na zilizokuwapo hazikuaminika. Ukanda wa mabomu uitwao K5 kwenye mpaka wa Thailand, uliotegwa katikati ya miaka ya 1980, ulipitiwa na jeshi baada ya jeshi, kila moja likifukia juu ya mwenzake. Mvua za masika husogeza bomu dogo kutoka kilimani hadi kwenye njia ya mto. Kwa hiyo kumbukumbu ya aliyefukia ina thamani, mradi aulizwe vizuri.

Ukimuuliza "mabomu yako wapi?" atakuonyesha kwa mkono mlima mzima, na hekta mia za ardhi nzuri zitafungwa bure. Muulize kikosi chake kilikuwa wapi, mwezi gani, adui alitarajiwa kutokea upande upi, maji walichota wapi. Askari hutega kulinda kitu, na ukikijua kitu hicho, eneo linapungua. Muulize walibeba masanduku mangapi, na bomu lilikuwa na rangi na umbo gani, kwa picha. Wapiganaji wawili wa kikosi kimoja waulizwe kila mmoja peke yake, maana wakikaa pamoja mwenye cheo ndiye atakayekumbuka kwa niaba ya wote. Na ahakikishiwe mbele ya mashahidi kwamba anachosema hakimfikishi mahakamani, kama kweli sheria inaruhusu ahadi hiyo. Kama hairuhusu, aambiwe ukweli kabla hajafungua mdomo. Jioni yake asiachwe peke yake. Waliokwisha kufanya kazi hii wanajua kwamba usingizi ndio unaodhurika, na mwenzake wa vita humsaidia kuliko mshauri aliyeletwa na gari.

Mwaka 1996 Cambodia ilihesabu zaidi ya watu 4,300 waliouawa au kujeruhiwa na mabomu na mabaki ya silaha. Miaka ya karibuni wamekuwa chini ya 100 kwa mwaka. Hilo limefanywa kwa vijiti, mikasi ya bustani na maswali ya aina hiyo.

Mwaka 2025, Estonia, Latvia, Lithuania, Polandi na Finlandi ziliwasilisha barua za kujitoa kwenye mkataba wa Ottawa, zikitaja tishio la Urusi. Hofu yao ni ya kweli na sitaidharau. Lakini hoja zinazosemwa ni zilezile za Brigedia Graham: mpaka mrefu, watu wachache, silaha nafuu ya kujaza pengo. Kamati za ulinzi za mabunge ya nchi hizo zimewasikiliza majenerali walio kazini. Ziwaite pia maveterani wa Australia waliokanyaga mabomu yao wenyewe Phuoc Tuy, na wapiganaji wa Cambodia wa ukanda wa K5, na ziwaulize nani atakaa kulinda kila kilomita usiku wa manane, ramani itatunzwa na nani jeshi likirudi nyuma, na baada ya theluji kuyeyuka na mito kufurika ramani hiyo itakuwa inaonyesha nini. Wengi wao bado wako hai, na wana majibu ya kiufundi.